Mapenzi ya Likizo Si Kesi ya Ukoo

Jumapili iliyopita, wiki ya pili tangu shule zifunguliwe, ukoo wetu hapa Goma, mashariki mwa Kongo, ulifanya kikao kwa sababu ya daftari. Binti wa kaka yangu, mwenye umri wa miaka 16, alikuwa ameandika humo habari za likizo yake kubwa: ziwa, vumbi la kiangazi, na mvulana wa mtaa wa Himbi anayemzidi mwaka mmoja. Mama yake alilikuta chini ya godoro. Likapita mikononi mwa watu wazima watatu hadi likafika kwa kaka yetu mkubwa, naye akavaa miwani na kulisoma kwa sauti mbele ya watu kumi na mmoja, msichana mwenyewe akiwa ameketi kwenye kigoda karibu na mlango, akitazama kandambili zake.

Mimi ni shangazi yake. Kwa desturi yetu, mambo ya msichana anayekua huanzia kwa shangazi kabla hayajafika kwa mtu mwingine, na kama kulikuwa na mtu aliyepaswa kusimama na kusema "lifunge hilo daftari", mtu huyo ni mimi. Nilinyamaza. Nimekaa na kimya hicho kwa siku sita, na sasa naandika kwa kuwa sioni njia nyingine ya kukitua.

Msichana amenikubalia nitaje machache kati ya yale ambayo ukoo mzima ulikwisha kuyasikia. Aliandika kwamba walikutana siku ya kufua, yeye akiwa na wadogo zake wawili, na kwamba mvulana huyo alimsaidia kujitwika bidoni, yaani dumu, la lita 20. Aliandika kwamba siku iliyofuata mvulana alimuuliza angependa kusomea nini, kisha akanyamaza kungoja jibu, na kwamba katika miaka yake yote hapakuwa na mtu aliyemuuliza swali hilo na kungoja. Aliandika kwamba jioni ile alirudi nyumbani akiwa na woga na furaha, asijue kipi kilitangulia. Na mwishoni, kwa mwandiko uliobanana kwa kuwa karatasi ilikuwa inaisha, aliandika kwamba amemwambia mvulana wasionane siku za shule, kwa sababu hesabu zinamshinda naye hataki kurudia darasa.

Kaka yetu aliusoma mstari huo kwa mwendo uleule aliosomea mingine. Hakuna aliyeinua kichwa. Msichana wa miaka 16 alikuwa amejiwekea mpaka kwa akili yake mwenyewe, bila kufundishwa na mtu, na sisi watu wazima kumi na mmoja, tuliokuwa tumekutana hapo ili tumwekee mpaka, hatukusikia.

Vijana wetu wanazijua hadithi za namna hii kutoka kwingine. Huko Ulaya na Marekani ni fungu zima la riwaya na filamu: msichana anafika ufukweni wakati wa majira ya joto, anakutana na mtu asiyekuwa wa nyumbani kwao, wiki chache zinapita, na mwezi Septemba anarudi darasani akiwa si yule aliyeondoka. Kwa miaka mingi niliamini kwamba mambo hayo hayatuhusu, kwamba ni ya watu wenye mchanga mweupe na nyumba za mapumziko. Sisi ufuko wetu ni lava, mweusi, wenye makali ya kukata nyayo, na anayeutafuta mchanga huutazama ng'ambo ya mpaka, Gisenyi, nchini Rwanda. Lakini likizo yao inaangukia Julai na Agosti, na yetu vilevile, kwa kuwa kalenda ya shule zetu ina asili ya Ubelgiji. Na kwa bahati miezi hiyo ndiyo kiangazi chetu, mvua inapokatika na watoto wanapoteremka ziwani bila kuulizwa sana. Maji yapo, wiki zipo, mtu wa kukutana naye yupo. Kinachotutofautisha na hadithi zile ni kwamba kule msichana mwenyewe ndiye anayesimulia, na hapa daftari liko mikononi mwa baba mkubwa.

Nami nina Julai yangu. Mwaka 2002 nilikuwa na umri wa miaka 16. Tarehe 17 Januari mwaka ule mlima wa volkano wa Nyiragongo ulikuwa umelipuka na lava ikapita katikati ya mji mpaka ikaingia ziwani, na nyumba yetu ikabaki chini ya mawe. Tulipokewa na mjomba upande wa Kyeshero, watoto tisa katika vyumba viwili, na kazi yangu ilikuwa maji: kila asubuhi bidoni la lita 20 mgongoni, kamba ikipita juu ya paji la uso, kilo 20 za ziwa hadi nyumbani, kisha kurudi tena. Pale nilipokuwa nikichota palikuwa na mvulana aliyekuwa akiogelea kama aliyezaliwa majini. Siku moja aliniuliza kwa nini mimi huishia magotini. Nikamjibu kwamba wasichana hatuogelei. Akauliza ni nani aliyesema, nami nikatafuta jina la mtu na sikulipata.

Akachukua bidoni langu tupu. Kifuniko chake kilikuwa kimelegea, kwa hiyo akaweka kipande cha mfuko wa plastiki mdomoni mwa bidoni, akakikaza kifuniko juu yake kwa nguvu, akageuza bidoni na kulitikisa aone kama hewa inatoka. Kisha akanieleza nilikumbatie, nilale juu ya maji na kupiga miguu, na yeye akabaki amesimama hatua tatu kutoka nilipo, upande wa kina, ili nisipite. Ziwa letu, Kivu, halina mamba wala viboko, lakini linashuka ghafla. Mahali penye kina zaidi ni karibu mita 480, na mtoto wa Goma hujua hilo kwa tumbo lake kabla ya kulisoma popote. Nilipiga miguu. Bidoni lile lililokuwa likinikunja mgongo tangu Februari likanibeba.

Mapenzi yale yalikuwa hayo: wiki sita za maji, maswali, mazungumzo ya kukaa juu ya jiwe hadi nguo zikauke. Mwishoni mwa Agosti alipanda meli kwenda Bukavu kwa baba yake. Akaniandikia barua moja kwenye karatasi ya miraba, ikaletwa na mama mmoja mfanyabiashara wa dagaa wetu, sambaza, na mimi nikachelewa kujibu wiki tatu kwa kuogopa makosa ya tahajia. Tukaishia hapo. Nilipoposwa miaka saba baadaye, nilimsikiliza mume wangu kwa sikio lile lile: je, huyu anauliza, na akiuliza, anangoja? Kipimo hicho sikukipata kanisani wala shuleni, ingawa ninashukuru kwa yote niliyofundishwa huko.

Na mama yangu alijua. Jioni moja nilirudi na nywele zimelowa, naye alikuwa akitwanga sombe, majani ya muhogo, uani. Alinitazama, akaendelea kutwanga, akasema, "Kausha kichwa kabla baba yako hajarudi." Baadaye, usiku, aliniketisha na kuniambia yote ambayo msichana anapaswa kuyajua kuhusu mwili wake na kuhusu wavulana, maneno mafupi, bila kunitisha. Nilimsikiliza kwa sababu hakuwa amenivua nguo mbele ya watu kwanza. Nasema kuvuliwa nguo kwa makusudi. Kusomewa moyo wako kwa sauti mbele ya baba wadogo, wake zao na shemeji aliyepita tu kusalimia, ni kuvuliwa nguo.

Wapo watakaoniambia kwamba mji huu si mji wa kuachia mabinti. Nakubali, na ninakubali kwa shingo upande kwa sababu najua hoja hiyo hutumiwa kufunga kila mlango. Ni kweli kwamba Goma imeona bunduki nyingi mno. Ni kweli kwamba wapo wanaume wenye magari wanaowanunulia watoto simu na kuwaharibu, na kwamba msichana akipata mimba ni yeye anayetoka shuleni huku mvulana akiendelea na masomo. Nimewaona wasichana hao, nimewasindikiza zahanati, sihitaji kukumbushwa. Lakini kwa hofu hiyohiyo, niambieni: msichana wa Jumapili iliyopita, siku atakapofuatwa na mwanamume wa namna hiyo njiani, atamwambia nani? Mama yake aliyelitoa daftari? Baba mkubwa mwenye miwani? Mimi niliyekaa kimya? Tulidhani tunamlinda, na kwa dakika arobaini tulimfundisha kwamba watu wake ndio wa mwisho kuambiwa. Hataandika tena, na asipoandika hatasema, na hatari ya kweli itakapokuja itamkuta peke yake. Hili silisemi kwa nadharia. Katika wasichana niliowasindikiza zahanati, hakuna hata mmoja aliyekuwa amemwambia mtu wa nyumbani mapema, na nilipowauliza sababu, walinieleza habari za vikao.

Kuna jambo lingine, nalo limenikosesha usingizi zaidi. Miaka mitatu iliyopita, katika sebule hiyohiyo, tulikutana kwa ajili ya msichana mwingine wa ukoo wetu, mwenye umri wa miaka 17. Mwanamume aliyekaribia miaka 40 alikuwa ametuma wajumbe. Siku ile hakuna aliyepandisha sauti. Vinywaji vililetwa, tukahesabu mbuzi na ng'ombe, na kaka yetu huyuhuyu akasifu heshima ya wageni. Sheria ya Familia ya Kongo ya mwaka 1987 iliruhusu msichana kuolewa akiwa na miaka 15. Ilirekebishwa Julai 2016, na tangu hapo ni miaka 18 kwa mume na mke. Sheria ya kulinda mtoto ya tarehe 10 Januari 2009 nayo inasema mtoto ni yeyote ambaye hajafikisha miaka 18. Posa ile ilivunjika kwa sababu mama wa msichana aligoma, peke yake, kwa machozi. Sheria haikutajwa na mtu. Mvulana wa miaka 17 aliyemsaidia msichana kujitwika bidoni ametufanya tuitishe kikao cha hasira, na mzee wa watu aliyetaka kumchukua mtoto moja kwa moja tulimwandalia soda. Siwezi kuyapatanisha mambo hayo mawili, na sidhani kwamba kuna mtu katika ukoo wetu anayeweza.

Kuhusu ziwa lenyewe nina machache. Kingo zake zinazidi kufungwa kwa kuta za nyumba za wakubwa na hoteli, na vijana wanabanwa kwenye vipande vichache vilivyobaki wazi, pamoja na wafuaji na wachota maji. Wasichana wafundishwe kuogelea, mapenzi yawepo au yasiwepo. Tarehe 3 Oktoba 2024 meli iliyotoka Minova ilizama karibu na bandari ya Kituku hapa mjini, ufuko ukionekana, watu wakiwa wamesimama pale wakiwangoja ndugu zao, na sitaki kusikia tena kwamba kuogelea ni mchezo wa wavulana.

Jumamosi hii asubuhi nilikwenda kwa kaka yetu mkubwa. Nilimkuta akinywa chai. Nilimwambia, "Kaka, nimefuata daftari la mtoto." Akauliza la nini tena, mambo yamekwisha. Nikamjibu kwamba si letu. Akanitazama muda mrefu. Sisi ni watu wa mama mmoja na hatujawahi kupishana maneno mbele ya wake au waume zetu. Kisha akaingia chumbani akalitoa, likiwa limefungwa kwenye gazeti, akanikabidhi kwa mikono miwili kama anavyokabidhi kitu cha msiba.

Nilimpelekea msichana. Alikuwa uani akianika nguo. Nilimwomba radhi kwa kimya changu, kwa maneno niliyokuwa nimeyatayarisha njiani na ambayo yalinipotea, naye akasema, "Bas, shangazi," kwa upole ambao sikuustahili. Alifuta mikono kwenye kitenge, akafungua daftari, akahesabu kurasa kwa kidole. Mbili zilikuwa zimechanwa. Alipapasa mahali zilipokuwa, akakaa juu ya bidoni lililokuwa limeinamishwa karibu na ukuta, akaniuliza kama nina kalamu.