Fundi Asiyesikika: Tuziamini Filamu Bubu za Wahunzi?

Wapo hapa Moshi wanaoziona filamu bubu za mafundi wa jadi kama hazina tuliyoachiwa. Wengine wanazikataa: ni jicho la mkoloni. Mimi nazitetea, ila kwanza tukubali zinachoficha.

Mhunzi wa Mamba, kule kuelekea Marangu, husoma joto la chuma kwa rangi: wekundu uliofifia, wekundu mkali, kisha manjano. Ndiyo maana hupenda kivuli. Kamera za zamani zilitaka jua, tena filamu nyingi za kabla ya katikati ya miaka ya 1920 hazikuhisi rangi nyekundu. Chuma chekundu hutokea cheusi. Mlio wa nyundo haupo. Mwendo nao unadanganya: picha zilizonaswa 16 hivi kwa sekunde zikionyeshwa kwa 24, fundi anafua kama anayekimbizwa.

Lakini mikono ipo. Goti linavyokaa, koleo linavyogeuza chuma, mvukutaji anavyopishanisha mivukuto: hayo hayaelezeki kwa maneno, na fundi akifa bila mwanagenzi yanazikwa naye.

Wapo wasemao filamu hizi ni maigizo tu yaliyopangwa mbele ya kamera; hoja hiyo hainitishi. Ni kweli Robert Flaherty, katika filamu yake ya 1922 kuhusu Wainuiti wa Kanada, alitumia nyumba ya theluji iliyoachwa wazi upande mmoja ili mwanga uingie. Hata leo mhunzi wa Mamba huwafulia watalii, na chuma kinachopinda mbele yao kinapinda kweli.

Kinachoniuma ni ukimya juu ya watu wenyewe. Mara nyingi fundi hatajwi jina. Miiko haionekani. Kwa Wamaasai, wahunzi (ilkunono) walitengwa hata katika kuoana, ingawa mkuki wa moran ulitoka mikononi mwao. Kamera bubu ingetupa mkuki tu.

Dawa ipo. Mnamo 1913–14 Mjerumani Hans Schomburgk aliwapiga picha wayeyushaji chuma wa Banjeli, Togo, koloni la Wajerumani kama Tanganyika. Miaka ya 1980 watafiti walirudi Banjeli, na picha zile zikaingizwa katika filamu mpya iliyoeleza nafasi ya wanawake na wanaume katika kazi hiyo. Nasi tufanye hivyo: picha za ufuaji chuma zilizoko kwenye hifadhi za Ulaya zionyeshwe Mamba kwenyewe, wahunzi wazee wazisemee, sauti zao zirekodiwe. Watuambie pale chuma kilikuwa na rangi gani, na kwa nini yule fundi alisita kabla ya kupiga.