Gavana Ana Kikomo, Mbunge Je?

Kila Januari, shule zikikaribia kufunguliwa, foleni ya fomu za basari katika ofisi ya mbunge wetu huanza kabla jua halijachomoza. Safari hii nilimsindikiza shangazi yangu. Fomu inataka sahihi ya mzazi, muhuri wa chifu na barua ya imamu au mchungaji. Juu ya dirisha la karani imetundikwa picha ya mheshimiwa, ya zamani kiasi kwamba nywele zake bado ni nyeusi tititi. Nikamtania shangazi kwamba huyu bwana sasa angepumzika. Alinikata jicho kama mtu niliyetukana msikitini.

"Wee! Akitoka huyu, nani atamjua mwanangu?"

Waheshimiwa wakiulizwa kuhusu ukomo wa ubunge hujibu kwamba kura ndiyo kikomo: mkituchoka, tutoeni. Na kweli, Wakenya si wavivu wa kuwatoa. Kila uchaguzi kuna wabunge wengi wanaorudishwa nyumbani. Lakini aliyekalia kiti ana hazina ya NG-CDF, mfuko wa maendeleo ya eneo bunge unaotoa basari hizo, fedha za umma zinazomfikia shangazi yangu zikiwa na sura ya mtu mmoja ukutani. Mpinzani wake ana nini? Fulana na spika ya kukodi juu ya probox.

Katiba ya 2010 ilimwekea rais mihula miwili, na Kifungu cha 180 kikamwekea gavana hiyo hiyo miwili. Mbunge, seneta na mwakilishi wadi wakaachwa wazi kama pwani isiyo na ukuta. Mwai Kibaki, Mungu amrehemu, aliingia bungeni 1963 akatoka 2013. Nusu karne! Urais wake ulihesabiwa mihula, ubunge wake haukuhesabiwa na yeyote.

Kwa magavana tumeshaona kikomo kinafanya nini, na hapa ndipo niliposhawishika. Mwaka 2013 hatukuchagua gavana mwanamke hata mmoja. Mwaka 2017 wakawa watatu, 2022 wakafika saba. Watazame hao saba. Fatuma Achani aliingia Kwale baada ya Salim Mvurya kumaliza mihula yake. Alikuwa naibu wake. Gladys Wanga aliingia Homa Bay baada ya Cyprian Awiti, Cecily Mbarire akaingia Embu baada ya Martin Wambora, na Wavinya Ndeti akaingia Machakos baada ya Alfred Mutua. Wanne kati ya saba walikuta kiti kitupu kwa sababu Katiba ilimwambia mwenye nacho basi. Hawa ni wanasiasa wazito, pengine wangefika hata hivyo. Lakini kumenyana na gavana aliyeko ofisini, mwenye magari na bajeti ya kaunti, ni habari nyingine kabisa.

Sisemi kikomo ni dawa ya kila homa. Hao waliotoka hawakwenda kulima. Amason Kingi wa Kilifi akawa Spika wa Seneti. Mvurya na Mutua wakapewa uwaziri mwaka huo huo wa 2022, na Joho wa Mombasa na Oparanya wa Kakamega wakafuata 2024. Unafunga mlango wa mbele, watu wanapitia uani. Hata hivyo, waziri hupewa kazi na anaweza kupokonywa kesho asubuhi, na kile kiti cha kaunti kimeshapata mtu mwingine.

Wamarekani nao wana somo. Mwaka 1990 wapiga kura wa California waliwawekea wabunge wa jimbo lao ukomo mkali: miaka 6 katika Baraza, 8 katika Seneti. Mlengwa mkubwa alikuwa Spika Willie Brown, aliyekishikilia kiti hicho tangu 1980. Brown alikwenda kuwa meya wa San Francisco. Nyuma yake walibaki wabunge wageni wasiojua bajeti inavyosomwa, huku waliolipwa na makampuni kuwashawishi wakizijua korido zote. Miaka 6 ni ya kujifunza njia ya kwenda chooni. Mwaka 2012 wakabadilisha sheria: jumla ya miaka 12, na unaweza kuimaliza yote katika nyumba moja.

Kwa hiyo mimi naona mihula mitatu, yaani miaka 15, kwa mbunge, seneta na mwakilishi wadi. Miwili ni michache kwa kazi ya kutunga sheria. Kikwazo ni kwamba kupitia Bunge maana yake ni kumkabidhi fisi ufunguo wa bucha. Mwaka 2024 Seneta Cherargei wa Nandi alileta mswada wa kurefusha muhula kutoka miaka 5 hadi 7. Ulikufa baada ya wananchi kuja juu. Inabaki njia ya Kifungu cha 257, ya wananchi wenyewe kuanzisha mabadiliko ya Katiba: sahihi milioni moja, kisha mabunge ya kaunti 24. Na waliojaa humo ni MCA, yaani hao hao wawakilishi wadi, ambao nao nataka wahesabiwe.

Tulipokuwa tunarudi nilimweleza shangazi habari hiyo ya miaka 15. Alihesabu kwa vidole, akarudia tena kuhakikisha.

"Kumbe huyu wetu angeshatoka uchaguzi uliopita."

Kisha akaikunja fomu, akaitia kwenye mkoba, akaniuliza kama chifu huwa ofisini Ijumaa.