Mbona Haing'ai?

Hilo ndilo swali la kwanza, na karibu la mwisho, ambalo kamati ya kanisa moja hapa Moshi iliuliza mbele ya saksafoni ya baritone, ile kubwa ya sauti nzito, iliyotengenezwa na kiwanda cha Conn, kule Elkhart, Indiana, wakati baba zao hawajazaliwa. Mhazini alipitisha kidole juu ya shaba iliyokwisha vanishi, akakikagua kidole chake, kisha akamgeukia mwalimu wa matarumbeta. "Mwalimu, sasa mbona haing'ai?" Wajumbe wakatikisa vichwa. Mama mmoja akasema tukienda nayo kwenye tamasha, watu wa Himo watatucheka. Mimi nilikuwa nimetoka Arusha kwa nauli yao, nimeitwa kama mtaalamu. Mtaalamu hakuulizwa kitu.

Mwenye chombo, mzee mstaafu wa muziki wa dansi anayeishi Majengo, alikuwa ameketi pembeni na kofia yake magotini. Kwa maelezo yake aliachiwa na mmisionari wa Kimarekani aliyekuwa anarudi kwao, naye akaipiga mpaka kifua kikachoka. Alikuwa anaomba bei ambayo, kwa mtu anayejua, ni ya kumwonea yeye. Kamati ikasali, ikamshukuru, ikaondoka. Baadaye wakaagiza mpya mtandaoni kwa fedha iliyozidi ile, haina hata uzi mmoja wa historia isipokuwa risiti. Imekuja na rangi ya dhahabu na glavu nyeupe ndani ya mfuko. Glavu! Siku ya kuiweka wakfu zilipigwa picha nyingi kuliko noti.

Sasa naandika, maana pale kwenye kikao nilijizuia kwa heshima ya mchungaji.

Tuanze na huo mng'aro, kwa sababu hapo ndipo sadaka za watu zinapopotelea. Kinachong'aa kwenye saksafoni ni koti jembamba la vanishi juu ya shaba. Jasho la mikono likifanya kazi miaka arobaini, hamsini, koti linabanduka, shaba inafubaa, inakuwa ya kahawia. Basi. Shaba haishiki kutu kama bati la paa la jikoni. Ukitaka kuogopa kitu, ogopa springi ndogo za chuma zinazorudisha vibonyezo, hizo ndizo zinazoshika kutu na kukatika katikati ya wimbo. Au chungulia ndani ya shingo kama kuna vidoa vya rangi ya waridi, dalili kwamba zinki imeanza kutoka ndani ya madini na ukuta unadhoofika. Vidoa hivyo hakuna aliyevitafuta. Wote walikuwa wanatazama nje.

Na unajua saksafoni kuukuu inang'arishwaje? Fundi anaifungua yote, anaikandamiza kwenye gurudumu la kusugulia linalozunguka kwa mota, anasugua mpaka ngozi ya juu ya shaba inaondoka, ndipo anapulizia vanishi mpya. Kila anaposugua, madini yanapungua. Michoro iliyochongwa kwa mkono inafifia. Kingo za matundu, pale pedi inapotua ili kuziba hewa, zinaliwa upande mmoja kuliko mwingine. Kwenye Conn za miaka ile kingo hizo zilikunjwa kwa nje, zikawa mviringo na laini ili zisiikate ngozi ya pedi. Ni kazi ya ustadi mkubwa na haina urejesho: ukishaila kingo kwa gurudumu au kwa tupa, hakuna duka lolote la kuiuza tena. Kwa hiyo chombo cha miaka ya 1920 kinachokuja mbele yako kinameremeta, hicho ndicho cha kuhojiwa. Nani alikisugua? Alisugua mara ngapi? Alikuwa anaficha lehemu ya wapi? Ile ya mzee michoro yake yote ilikuwepo, unaisoma kwa kidole hata ukifumba macho. Hilo peke yake lilitosha kunifanya nitake kuipigia magoti. Mhazini aliona uchafu.

Kuna jingine lililonichekesha mpaka nikakohoa. Mjumbe mmoja, kijana mwenye simu kubwa, aliwasha tochi akasoma maandishi ya nyuma, karibu na pale kidole gumba cha kulia kinapokaa. Akatangaza kwa sauti: "Jamani, hii ni ya mwaka 1914!" Mzee mwingine akadakia kwamba basi ilipigana na Von Lettow, kamanda wa Wajerumani wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Kicheko. Ukweli ni kwamba Conn waligonga tarehe hiyo, Desemba 8, 1914, kwenye saksafoni zao kwa miaka mingi, kwa sababu ndiyo tarehe ya hataza (haki ya uvumbuzi) ya kuvuta matundu kutoka kwenye shaba ileile ya mwili badala ya kuyachomelea kwa lehemu. Umri unausoma kwenye namba ya chombo, iliyo chini yake. Hii ilikuwa ya miaka ya 1920. Wauzaji wa mtandaoni wanajua kabisa, lakini "1914" inauza vizuri, kwa hiyo wananyamaza.

Na pembeni ya namba hiyo kuna herufi moja. Hapa ndipo ningetaka mtu aniulize, na hakuna aliyeniuliza. Herufi hiyo ni L au H. Miaka ile viwanda vya Marekani vilitengeneza vyombo vya tyuni mbili: ya chini, ambayo ndiyo tunayotumia leo, noti ya A ikiwa herzi 440, na ya juu, karibu herzi 457. Tofauti hiyo inazidi nusu ya hatua kati ya kibonyezo cha kinanda na jirani yake. Wenye haraka watakwambia vuta mdomo wa kupulizia utoke nje kidogo, itakaa sawa. Haitakaa. Utaishusha noti moja, nyingine zitakataa, kwa sababu matundu yote yametobolewa kwa urefu mwingine. Ukinunua yenye H umenunua chombo kizuri cha kupiga peke yako, chumbani, milele. Kinanda cha kanisani hakitakufuata. Ya mzee ilikuwa na L, safi, inasomeka. Niliionyesha. Mwenyekiti akasema, "Sawa mwalimu, lakini rangi."

Upimaji wenyewe hauhitaji shahada. Ingia chumba chenye giza, teremsha taa ndogo ndani ya bomba, funga kibonyezo kimoja kimoja kwa mkono mwepesi: mwanga unaopenya ndiyo hewa itakayovuja. Huna taa, chukua ukanda wa karatasi ya sigara (kamati ya kanisa itafute mtu wa kuinunua), uweke chini ya pedi, funga, vuta. Ikitoka bila kung'ang'ania, pale pamevuja. Hakikisha shingo ni ya chombo hichohicho, maana shingo ndiyo hupotea kwanza na watu hubandika yoyote. Halafu piga B-flati ya chini kabisa, polepole, kwa sauti ndogo. Mtu yeyote anaweza kuitoa kwa nguvu; ikitoka kwa kunong'ona, mfumo mzima umeziba.

Kuhusu A ya chini, noti iliyo chini ya hiyo B-flati: ndiyo, baritone nyingi za zamani haziifikii, zinaishia B-flati. Ukiimba nyimbo za kanisani miaka yote hutaikumbuka.

Najua mtakachosema. Mpya ina uhakika. Nakubali, kwa shingo upande: ile ya glavu inapiga. Leo. Vidole vinaipata kwa urahisi kuliko Conn, ambayo vibonyezo vyake vya mkono wa kushoto vimepangwa kizamani na mtu aliyezoea alto ya kisasa, saksafoni ndogo zaidi, atalalamika. Na wapo watengenezaji wa sasa, Yamaha na Yanagisawa wa Japani kwa mfano, ambao sina ubishi nao hata kidogo, ila bei yake kamati isingeisoma mpaka mwisho. Hawakununua hiyo. Walinunua chuma laini kinachopinda ukikishika vibaya wakati wa kukipandisha kwenye Noah, kisicho na jina unaloweza kuliagizia kipuri. Na kwa mzigo wa kilo zote zile, usafiri ulikula fedha nyingi, kisha forodha ikakokotoa ushuru juu ya bei pamoja na huo usafiri na bima, ikaja VAT asilimia 18 juu yake. Ya mzee ilihitaji bodaboda.

Kwani sisi watu wa kaskazini hatujui vitu vya zamani? Mji mzima wa Arusha umelishwa na Land Rover zilizokuja kabla wenye nazo hawajaanza shule. Hakuna dereva wa safari anayeuliza kama bodi inang'aa. Anauliza chesisi, anauliza gia boksi, analala chini ya gari na tochi. Mtu huyohuyo akivaa suti na kukaa kwenye kamati ya muziki anapofuka.

Wanaosema kinanda kina kitufe cha saksafoni sina la kuwaambia.

Baritone haina umaarufu kwetu, hilo ni kweli. Bendi zetu za dansi zililea alto na tenor. Hata Arusha ilipokuwa na Arusha Jazz ya ndugu Kinyonga, kabla hawajahamia Kenya na kuwa Simba Wanyika, watu walikuja kusikiliza magitaa. Lakini msikilize Harry Carney, aliyepiga baritone kwenye bendi ya jazz ya Mmarekani Duke Ellington kuanzia 1927 mpaka wote wawili wakafa mwaka mmoja, 1974. Au Gerry Mulligan, aliyepiga Conn akaifanya itembee kwa upole uleule wa chombo kidogo. Au karibu zaidi na sisi, Lekan Animashaun, aliyesimama nyuma ya Fela Kuti wa Nigeria tangu enzi za Koola Lobitos, bendi yake ya mwanzo: ile sauti nzito inayokwaruza chini ya tarumbeta zote, inayokufanya uinuke kabla hujaamua, mara nyingi ni baritone yake. Fikiria hiyo chini ya matarumbeta ya harusi ya Kichaga, bibi harusi anaingia, spika zimekatika umeme. Haijali umeme.

Mzee ameshafuatwa na mtu mwingine tangu siku ile. Ni wa hoteli moja ya kitalii upande wa Arusha, anataka kuitoboa aipitishie waya, iwe taa ya baa. Bei aliyotaja ilikuwa nzuri. Mzee alimjibu kwa lugha ambayo siwezi kuiandika hapa, na mkewe akaongezea ya kwake kwa Kichaga. Yupo pia mjumbe, sitamtaja, aliyeuliza kwenye kikao kama wanunuzi wa chuma chakavu wangeipima kwa kilo.

Tatizo la kweli, ambalo kamati ingelitaja ningewapa mkono, ni matengenezo. Pedi za mzee zimekauka na nondo wameshaonja manyoya yaliyo chini ya ngozi. Kuvalisha baritone pedi zote huko Marekani kunaweza kupita dola 1,000, na hapa hakuna duka la kuzinunua. Pedi nzuri huvalishwa ngozi laini ya mwana-mbuzi. Rudia hiyo sentensi ukiwa umesimama mnadani siku ya gulio, mbuzi wamekuzunguka mpaka upeo wa macho, halafu uniambie kwa nini tunaagiza.

Lakini fundi tunaye, au tunaye nusu. Wale wa rejeta za magari, mtaa wa Unga Limited kule Arusha. Watu hawa wameshika shaba maisha yao yote, wanajua lehemu, wanajua kutafuta tundu la kuvuja lisiloonekana. Moto wao ni mkubwa mno kwa saksafoni, hilo nakiri, na wa kwanza niliyemfuata alitaka kuiosha alto yangu kwa asidi. Wa pili ni kijana. Aliigeuza taratibu, akauliza kila kibonyezo kinafanya nini, akaniambia nirudi na moto mdogo wa gesi nimwachie. Amenyoosha nguzo mbili zilizopinda na kuchomelea moja iliyong'oka, na chombo kinaziba. Sasa anajifunza kukata ngozi na kuivika juu ya manyoya, ngozi ya mbuzi ya hapahapa. Pedi zake za kwanza zilivuja, za sasa zinashika kwenye vibonyezo vidogo. Vikubwa vya chini bado.

Anachokosa ni vyombo vibovu vya kujifunzia, kwa sababu hataki kuharibu kizima cha mtu. Stoo za makanisa ya Moshi na Arusha zimejaa: tarumbeta zilizobonyea, tromboni zisizovutika, saksafoni zenye springi zilizokatika, zimekaa chini ya viti vilivyovunjika. Msiziuze kwa kilo. Nileteeni nimpelekee, au mpelekeeni wenyewe. Baritone ya mzee ataigusa siku pedi kubwa zitakapoacha kuvuja, na mzee amesema kwa kazi hiyo ataitoa chini ya kitanda bure.