Majina Mnayoyaruka

Juzi usiku nilimwekea shemeji yangu The Apartment, ile filamu ya mwongozaji Billy Wilder ya mwaka 1960. Hata dakika moja haijatimia, majina ndiyo kwanza yanapita, jamaa kanyakua rimoti, karusha mbele. "Majina ya nini, shem? Tunataka picha." Nikameza. Ikafika ile ofisi, meza safu kwa safu mpaka macho yanachoka, shemeji akatikisa kichwa: "Wamarekani wana majengo, bwana."

Majengo! Hapo ni ndani ya studio. Meza za mbele ni za kawaida. Kadiri zinavyokwenda nyuma zinapungua kimo, na waliozikalia wanapungua nazo, hadi kule mwisho wameketi watoto waliovalishwa kama makarani. Aliyetuchezea macho hivyo ni Alexandre Trauner, na jina lake lilikuwa mle mle alimorusha shemeji.

Haya, simlaumu sana. Enzi za kibanda cha video mwenye kibanda alikuwa akirusha majina huku sisi wenyewe tunampigia miluzi aharakishe. Kwetu picha ilikuwa na watu wawili, stelingi na adui. Nani alijenga nyumba ambayo stelingi alirukia dirishani, hilo halikuwa letu.

Wanaonikera hasa ni wajuzi, wale wa kusema eti mbunifu bora wa mandhari ya filamu ni yule ambaye kazi yake huioni. Maneno matamu. Fundi bomba naye bomba lake hulioni, limo ukutani, lakini jina lake unalo kwenye simu na hela yake unampa.

Trauner alizaliwa Budapest mwaka 1906, akaingia Paris 1929 akiwa mchoraji, akajifunza kazi ya seti chini ya Lazare Meerson. Mwaka 1938 mwongozaji Marcel Carné akautaka Mfereji wa Saint-Martin kwa ajili ya filamu yake Hôtel du Nord. Mfereji wenyewe upo, hapo hapo Paris, boti zinapita. Ila huwezi kuufunga wiki na wiki kwa sababu wapenzi wawili wana mazungumzo. Trauner akauchimba mwingine kwenye studio za Billancourt, na maji yake, na daraja lake la miguu, na hoteli yake pembeni. Leo watu wanakwenda kupiga picha mbele ya hoteli halisi, na ukuta wake wa mbele unalindwa kisheria kama urithi, kwa umaarufu iliopewa na mbao na plasta. Niambie hapo nani kamuiga nani.

Halafu ikaja vita, na hapa naomba mniache nisitanie.

Trauner alikuwa Myahudi. Chini ya serikali ya Vichy, ile ya Ufaransa iliyoshirikiana na Wanazi, Myahudi alifungiwa mlango wa kazi ya filamu, na baadaye kujulikana tu alipo kulikuwa hatari ya kuuawa. Akajificha kusini, milimani nyuma ya Nice, na huko mafichoni akachora mandhari ya Les Enfants du paradis, filamu ya Carné na mwandishi Jacques Prévert. Mtaa mzima wa majumba ya michezo wa Paris ya karne ya 19 ulitoka kwenye karatasi za mtu asiyeweza kwenda kuusimamia ukijengwa. Aliyesimama studio ni Léon Barsacq, kazi ikipita kwa jina la Barsacq. Bwana Joseph Kosma, mwanamuziki, naye Myahudi, alikuwa hali hiyo hiyo. Filamu ilipotoka Machi 1945, Paris ikiwa imeshakombolewa, majina yao yakaandikwa mwanzoni, na maelezo kwamba walishiriki wakiwa mafichoni.

Sekunde chache tu. Watu walihatarisha shingo zao mpaka yale majina yakafika pale, na wewe una haraka ya kwenda wapi?

Najua, najua: majina ya siku hizi ni marefu kama foleni ya benki mwisho wa mwezi, yupo hadi aliyepika chai. Na siwezi kudai Trauner alisahaulika kabisa, maana ile ofisi ya watoto ilimpa Oscar, na Wilder aliendelea kumwita. Kwa Irma la Douce ya 1963 walimwita Hollywood akawajengee mtaa wa Paris, kwa hiyo Marekani ilimtoa mtu Paris aje kuitengeneza Paris. Sawa. Lakini taja filamu hizo barazani uone kama kuna atakayemtaja yeye.

Alifariki 1993, kazikwa Omonville-la-Petite, kijiji cha Normandy, makaburi yale yale aliyolala Prévert.

Shemeji nilimweleza haya yote, kwa sauti ambayo dada yangu alitoka chumbani kuuliza kuna nini. Shemeji akasimamisha picha pale ofisini, akasogea hadi pua karibu iguse kioo. "Kwa hiyo huyu wa nyuma kabisa ni mtoto?"

Sikumjibu. Nilimwambia arudishe mwanzo.