Stelingi Wawili, Rimoti Moja

Machalii wa Arusha, hivi ni nani aliyetuletea haya mambo ya kuchanganya katuni mbili ziwe moja? Stelingi mmoja tu anamaliza umeme wa luku, sembuse wawili!

Na hawaungani kwa amani. Lazima kwanza anga lipasuke, mmoja adondokee mtaani kwa mwenzake, wadundane bila hata kuulizana jina, kama makonda wa Kilombero wanaogombea abiria. Ben 10 na Generator Rex mwaka 2011 walifanya hivyohivyo. Mangumi weee, kumbe adui mwenyewe, Alpha, hata hajaguswa.

Afadhali hao. Balaa ni Jimmy Neutron na Timmy Turner. Jimmy katengenezwa kwa kompyuta, kajaa pande zote. Timmy kachorwa bapa. Sasa Timmy akiingia kwa Jimmy anaumuka kama andazi kwenye mafuta, na Jimmy akienda kwa Timmy anakandamizwa kama chapati. Watoto wanaruka: "Siyo huyu!" Simamisha, eleza: mgeni anavaa umbo la mwenyeji. Bonyeza. Anatokea Wanda, kichimbakazi wa Timmy, naye kaumuka. Simamisha tena.

Halafu muvi zao hao wawili ziko tatu, ya kwanza ya 2004, mbili za 2006. Ya pili wanagombea kumpeleka Cindy, msichana wa shule ya Jimmy, kwenye dansi. Ya tatu wanaelewana mpaka wanakosa adui wa kupiga, basi wanamtengeneza wao wenyewe, Shirley, naye anawageuka. (Watu wazima na akili zao waliandika hivyo.) Ukianza na hiyo ya tatu, jiandae kujibu maswali hadi ugali upoe.

Na ni rahisi kuanza nayo, maana tivii nyingi zinapanga mafaili kwa herufi za jina, hazijui mwaka. Mwambie anayekuwekea muvi ayaandike 01, 02, 03 mwanzoni mwa jina. Sauti ikija bila picha, huenda faili limebanwa kwa H.265, mtindo mpya wa kubana video, na tivii yako ya zamani haiisomi. Omba la H.264, mtindo wa zamani zaidi. Flashi isiposomwa kabisa, huenda imefomatiwa NTFS, mpangilio wa mafaili ambao tivii nyingine haziusomi. Ifomatiwe FAT32, ila hiyo haipokei faili moja la kuzidi GB 4, na kumbuka kufomati kunafuta kila kitu, pamoja na picha za kipaimara.

Haya, umepanga, picha ipo, sauti ipo, umekaa. Mdogo kuliko wote anauliza:

"Baba, Ben 10 anatokea saa ngapi?"