Deni la HELB lina kikomo, na hesabu yake ni ya kudai

Chukua deni la shilingi 120,000 la HELB, Bodi ya Mikopo ya Elimu ya Juu ya Kenya. Mwenyewe amemaliza chuo, kazi hakuna, malipo yamesimama. Faini ya kutolipa ni shilingi 5,000 kwa mwezi. Ikifika miezi 24, faini peke yake ni 120,000, sawa na mkopo wenyewe, na riba ya asilimia 4 kwa mwaka bado hatujaihesabu. Ikifika miaka 10, faini ni 600,000 na riba ni kama 48,000. Anadaiwa 768,000 kwa karo na posho ya 120,000. Hili linaumiza, kwa sababu faini hiyo haijali kama mtu anakwepa au hana kitu.

Mwaka 2022, Jaji Alfred Mabeya wa Mahakama Kuu, Nairobi, aliamua kwamba riba na faini za HELB haziwezi kuzidi deni la msingi. Kanuni yenyewe inaitwa in duplum, nayo imo katika kifungu 44A cha Sheria ya Benki, kinachotumika tangu 2007. HELB si benki, ina sheria yake ya 1995, na ndiyo sababu uamuzi huo ni mzito: ulimpa mwanafunzi kinga ambayo mkopaji wa benki alikuwa nayo tayari. Naona ni haki tupu. Haiwezekani mfanyabiashara aliyekopa benki alindwe kuliko mtoto aliyekopa ili asome.

Lakini hukumu haifuti deni. Kifungu kinaruhusu mambo matatu: deni la msingi lililobaki siku mkopo ulipogeuka chechefu, yaani ulipohesabiwa kuwa haulipwi tena, riba isiyozidi kiasi hicho, na gharama za kufuatilia deni. Kwa mfano wetu ni 120,000 ya msingi na 120,000 ya riba na faini, yaani 240,000, pamoja na hizo gharama. Riba inayoamriwa na mahakama baada ya hukumu haimo katika kikomo hicho.

Wengi hukwama kwenye ile siku ya mkopo kugeuka chechefu. Benki Kuu huhesabu mkopo kuwa chechefu malipo yakichelewa zaidi ya siku 90. Tena ukianza kulipa halafu ukasimama, kikomo hupimwa upya kuanzia mara ya mwisho uliposimama. Kwa hiyo anayelipa miezi mitatu kisha akaacha huenda akajifungulia hesabu nyingine. Usitie sahihi ratiba mpya ya malipo kabla ya kujua deni la msingi limeandikwa kuwa kiasi gani. Faini za zamani zikiingizwa humo, kikomo kinapanda nazo na ushindi wote unapotea.

Omba taarifa kamili ya mkopo, si salio tu. Itenganishe kwa kalamu: fedha ulizopewa kila mwaka, riba, faini, ulicholipa, na kila malipo yaliingia wapi. Kama mwajiri alikukata mshahara, weka kando hati za mishahara, maana kuna makato yasiyofikishwa HELB na faini ikaendelea kumwangukia mfanyakazi. Kisha andika barua, taja kifungu 44A na hukumu ya 2022, ambatanisha hesabu yako, uombe ikokotolewe upya. Baki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Wakikataa, barua hiyo ndiyo msingi wa ombi lako mahakamani, na wakili atakagua kwanza hatua ya rufaa yoyote. Wadhamini wako waambie mapema, kwani nao wanaweza kufuatwa.

Mara kadhaa HELB imetoa msamaha wa faini kwa anayelipa deni lote kwa mkupuo. Ni nafuu kwa mwenye fedha mkononi. Asiye nazo, ambaye ndiye faini ilimlemea, anabaki palepale. Ningependa kila taarifa ya mkopo ichapishwe ikiwa na mistari miwili zaidi: tarehe mkopo ulipogeuka chechefu, na kiasi cha juu kabisa kinachoweza kudaiwa. Mfumo unaoongeza 5,000 kila mwezi bila kusahau unaweza kuiandika mistari hiyo pia.