Mtandao Unasumbua

Kuna maneno mawili ambayo kila Mtanzania aliyewahi kusimama mbele ya dirisha la huduma ameyazoea: mtandao unasumbua. Maneno hayo hayana mkosaji wala hayana saa ya kwisha. Anayeyatamka hana haja ya kuinua macho, nawe unajibu "haya" kisha unatafuta nafasi kwenye benchi. Jumatatu ya tarehe 13 Mei 2024 niliambiwa hivyo katika ofisi moja ya Dar es Salaam nilikokwenda kushughulikia karatasi za kiwanja, na siku hiyo, tofauti na siku nyingine nyingi, nilikuwa na hakika kwamba sidanganywi. Jana yake mikongo miwili ya chini ya bahari, yaani nyaya zinazotuletea intaneti, EASSy na SEACOM, ilikuwa imekatika kwenye pwani ya Afrika Kusini, kaskazini mwa Durban, na nchi yetu ilikuwa mojawapo ya zilizoumia zaidi. Karani alifungua droo, akatoa kaunta buku, akaipigia mistari kwa rula na kuanza kutuandika mmoja mmoja. Niliondoka saa nane mchana nikiwa na risiti ya mkono iliyogongwa muhuri mara mbili, kana kwamba muhuri wa pili ungefidia kompyuta iliyokuwa imelala.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikiitazama upya historia ya intaneti tunayosimuliwa. Huanzia mbali. Usiku wa tarehe 29 Oktoba 1969, mwanafunzi aitwaye Charley Kline, akifanya kazi chini ya Profesa Leonard Kleinrock katika Chuo Kikuu cha California mjini Los Angeles, alijaribu kutuma neno "login" kwenda kwenye kompyuta ya taasisi ya utafiti ya Stanford. Zilifika herufi mbili, L na O, kisha mashine ya upande wa pili ikagoma. Yaani hata siku ya kuzaliwa kwake mtandao ulisumbua. Baada ya hapo masimulizi hukimbia: Vint Cerf na Bob Kahn wakaandika mwaka 1974 kanuni za kuziwezesha kompyuta za mitandao tofauti kuelewana, kanuni hizo zikaanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 1983, Tim Berners-Lee akapendekeza wavuti, yaani zile kurasa tunazofungua kwa kubofya, mwaka 1989 alipokuwa CERN, kituo cha utafiti wa fizikia kule Geneva, na tarehe 30 Aprili 1993 CERN ikautangaza wavuti huo kuwa wa bure kwa yeyote atakayeutaka.

Masimulizi hayo ni ya kweli, lakini huruka kwa haraka jambo ambalo kwetu ndilo zito kuliko yote. Ujumbe wa intaneti hausafiri kama treni, ambayo mabehewa yote hufuata kichwa kimoja kwenye reli moja. Hukatwa vipande vidogo, kila kipande kikabandikwa anwani, kisha kila kimoja hupitishwa katika njia iliyo wazi kwa wakati huo, na vyote huungwa tena vinapofika. Paul Baran wa Marekani na Donald Davies wa Uingereza waliifikia fikra hiyo katika miaka ya 1960, kila mmoja kivyake, na Baran hasa alikuwa akitafuta mawasiliano yatakayoendelea kuwa hai hata baada ya shambulio la nyuklia: njia moja ikibomolewa, ujumbe uzunguke upite kwingine. Fikra nzima imesimama juu ya sharti moja, nalo ni kwamba njia ziwe nyingi. Maoni yangu ni kwamba sisi wa pwani hii tuliipokea intaneti bila sharti hilo, kisha tukaihamishia maisha yetu yote.

Waya wenyewe si mgeni kwetu. Mwaka 1879 kampuni ya Eastern Telegraph ilikwisha kulaza waya wa simu za maandishi kutoka Aden hadi Unguja, ukaendelea hadi Msumbiji na Durban, na nyumba ya zamani ya simu pale Shangani leo ni hoteli ya kitalii. Waya ule ulijali mambo ya dola na ya biashara kubwa, haukujali salamu za bibi yangu. Baada ya uhuru tulikwenda kwa mwendo wa kujihadhari. Mwaka 1974 Tanzania ilipiga marufuku kuingiza kompyuta nchini, na ingawa Zanzibar ilikuwa na televisheni ya rangi tangu mwanzoni mwa miaka hiyo ya 1970, Bara ilisubiri hadi mwaka 1994. Ndiyo maana kwa wengi wa rika langu televisheni na intaneti ziliingia kama mapacha, mmoja akimfuata mwenzake kabla hatujamaliza kumshangaa wa kwanza.

Lakini intaneti hiyo ya mwanzo ilitoka angani. Nilipokuwa mwanafunzi, mwanzoni mwa miaka ya 2000, nilikuwa nikishuka daladala Posta, nikapanda ngazi hadi kwenye kafe ya intaneti iliyokuwa na feni moja na kompyuta nane, nikalipa shilingi 500 kwa nusu saa. Mhudumu aliandika saa ya kuanza kwenye kipande cha karatasi na kukichomeka chini ya kibodi. Kila nilichobofya kilipanda hadi kwenye setilaiti iliyo karibu kilomita 36,000 juu ya ikweta, kikashuka Ulaya au Marekani, na jibu likarudi kwa safari hiyohiyo. Ukurasa wa Yahoo ulifunguka mstari kwa mstari kutoka juu kwenda chini, kama mtu anayeshusha pazia kwa uvivu. Tulijifunza kuandika barua nzima nyumbani kwenye daftari ili tukifika pale tunakili tu, kwa kuwa nusu saa haikutosha kufikiri.

Barua hizo nilimwandikia mjomba wangu aliyeko Muscat. Kabla ya hapo familia yetu ilikuwa ikimtumia kanda. Mama alikaa barazani na redio kaseti, akabonyeza kitufe chekundu, akasalimu, akaeleza nani kaoa na nani kafariki, kisha kanda ikakabidhiwa kwa yeyote aliyekuwa akisafiri. Barua pepe ilikuwa na kasi kuliko kanda, lakini ilimwondoa mama katika mazungumzo, kwa sababu yeye husoma Kiarabu na Kiswahili cha hati ya Kiarabu, na kibodi ile haikumjua. Miaka kumi hivi baadaye WhatsApp ilipoingia na sauti zake za kurekodi, mama alirudi mahali pake siku ya kwanza tu, bila kufundishwa. Anashika kitufe, anasalimu, anaeleza nani kaoa na nani kafariki. Wataalamu huliita jambo kama hilo mapinduzi ya teknolojia. Mimi naona ni ile kanda ya zamani iliyopata usafiri.

Kilicholeta mabadiliko hayo ni mkongo. Tarehe 23 Julai 2009 SEACOM, wenye urefu wa kilomita zipatazo 17,000, ulianza kazi, na Rais Jakaya Kikwete aliuzindua hapa Dar es Salaam. (Kwa wanaokumbuka, miaka minne tu kabla ya hapo neno "mtandao" katika siasa zetu lilikuwa na maana nyingine kabisa, la kundi lililompigania yeye ndani ya chama, na "mwanamtandao" hakuwa mtu wa kompyuta.) Mwaka huohuo Kenya ilipata TEAMS, unaotoka Fujairah hadi Mombasa, na mwaka 2010 ukafuata EASSy. Kupitia bandari hizohizo mbili, Uganda, Rwanda na Burundi nazo zikachota. Hadi wakati huo upande wetu wa bara la Afrika ulikuwa nyuma ya upande wa magharibi, ambao ulikwisha kuunganishwa miaka kadhaa mapema. Nadhani wanaoandika historia ya jamii zetu wanapaswa kuihesabu intaneti ya Afrika Mashariki kuanzia mwaka 2009, na ile ya kafe waiite utangulizi.

Baada ya mkongo na simu za bei nafuu kukutana, mambo yalikwenda mbio kuliko sheria, kuliko shule na kuliko adabu zetu. Kamati ya harusi ilihamia kwenye kundi la simu, na orodha ya michango ikawa wazi kwa kila mtu, aliyetoa laki na aliyeahidi akanyamaza. Msiba hutangazwa kwenye kundi kabla ya mtoto wa marehemu kupigiwa simu, jambo ambalo mimi sijalizoea na sina nia ya kulizoea. "Bando" likaingia katika bajeti ya nyumba pamoja na mkaa na luku. Aprili 2021 bei mpya za vifurushi zilipotoka, kelele zilikuwa kubwa kiasi kwamba zilisitishwa mara moja. Sikumbuki kuona watu wa nchi hii wakiungana hivyo kwa ajili ya bei ya sukari.

Kuna hasara moja isiyotajwa sana. Kati ya mwaka 2005, mpiga picha Muhidin Issa Michuzi alipoanza kuweka picha na habari zake mtandaoni, na muongo uliofuata, Kiswahili kilipata uwanja wa kuandikwa na watu wa kawaida, kwa sentensi ndefu, kwa hoja, kwa ugomvi wa hadharani uliobaki palepale ili wa kesho ausome. Jukwaa la mijadala la JamiiForums lilikuwa sehemu ya uwanja huo. Mwaka 2018 zikaja kanuni za maudhui ya mtandaoni, zilizomtaka hata mtu anayeandika peke yake sebuleni kwake alipie leseni, jumla ya shilingi milioni 2.1 kwa kuanzia. Wengi walifunga blogu zao, nami nikiwa miongoni mwao kwa muda, na mazungumzo yakahamia kwenye makundi ya simu, ambako hoja nzuri huandikwa saa tatu usiku na kufikia asubuhi imezikwa chini ya video 40 za vichekesho. Atakayetaka kujua miaka 20 ijayo tulikuwa tukifikiri nini atakuta pengo hapo. Mwezi Julai wa mwaka huohuo wa 2018 Uganda nayo ilianza kutoza shilingi zake 200 kwa siku kwa kila anayetumia mitandao ya kijamii.

Narudi kwenye njia chache. Mwezi Februari 2012 meli iliyokuwa ikisubiri kuingia bandari ya Mombasa ilishusha nanga mahali pasiporuhusiwa na kuukata TEAMS. Mapema mwaka 2024, meli ya Rubymar iliyoshambuliwa katika Bahari ya Shamu iliburuta nanga yake hadi mikongo mitatu ikakatika, mmoja wao ukiwa SEACOM. Kisha ikaja ile Jumapili ya Mei. Ajali hizi zina tiba inayojulikana, nayo ni kuongeza mikongo, na inaongezwa: 2Africa, unaolizunguka karibu bara zima, umekwisha kuifikia pwani yetu. Lakini hata mikongo 10 ikifika ufukweni, kila mmoja huingia nchini kwa mlango, mlango una komeo, na komeo lina mwenye ufunguo. Baran hakuiwazia hali hiyo. Yeye alimhofia adui wa nje anayebomoa njia, hakumwaza mwenye nyumba anayefunga.

Tarehe 29 Oktoba 2025, miaka 56 kamili baada ya zile herufi mbili za Los Angeles, ilikuwa siku ya uchaguzi mkuu Tanzania, na intaneti ikazimwa nchi nzima. Ilikaa hivyo kwa siku kadhaa. Siku ya pili jioni simu ya mama iliita, simu ya kawaida, ya kulipiwa kwa dakika. Alikuwa mjomba kutoka Muscat. Kwa kuwa amezoea kutuona usoni, alipaza sauti kama walivyokuwa wakifanya wazee kwenye simu za upepo, akihofia kwamba hatumsikii. Aliuliza kama tumekula, kama watoto wote wako ndani, na kwa nini kundi zima la familia limekaa kimya tangu jana. Mama alinipa simu nijibu mimi. Nikatazama dirishani, nikamwambia, "Mjomba, mtandao unasumbua." Alinyamaza kidogo, kisha akasema atapiga tena kesho.